Tetesi, Hadhira na Wajibu: Saka ya Wadawida na Fumbo la Mtangazaji Mubashara

1.0 Utangulizi

Maelezo ya fasihi simulizi aghalabu huanza na fanani. Yeye ndiye anayesimulia, anayeimba na anayeigiza; hadhira hufuata nyuma yake, ikiitikia, ikipiga makofi au ikiuliza maswali. Mpangilio huu unafaa pale ambapo fanani anajua kwamba yeye ni fanani. Hata hivyo, liko tukio la aina nyingine ambalo nadharia ya fasihi simulizi haijalipa nafasi ya kutosha. Hili ni tukio ambalo mtu anafanya jambo lisiloeleweka mbele ya watu, na watu hao, kwa kukisia sababu ya jambo hilo, wanamtungia hadithi. Hapo hadhira ndiyo inayosimulia, na mtu aliye mbele yao hugeuka kuwa mhusika, pengine bila ridhaa yake na bila habari.

Matangazo mubashara kupitia simu yamelifanya tukio hili kuwa la kila siku. Mtu huketi mbele ya kamera ya simu yake, huzungumza au hunyamaza, hucheka pasipo sababu inayoonekana, au hurudia neno moja mara mia. Papo hapo watazamaji huandika: amelewa, ni mgonjwa, amerogwa, anaigiza, anatafuta pesa, yuko hatarini na anaomba msaada kwa ishara. Nchini Kenya jambo hili limeenea sana. Katika ripoti ya Reuters Institute ya mwaka 2023, asilimia 54 ya Wakenya waliohojiwa mtandaoni walisema kuwa walitumia TikTok. Kijana aliyeketi Wusi, katika milima ya Taita, anashiriki katika ukisiaji huo sawasawa na mwenzake aliye Voi, Nairobi, Muscat au Montreal.

Azma ya makala hii ni kuonyesha kwamba ukisiaji huo ni tendo la kifasihi lenye historia, na kwamba milima hiyohiyo ya Taita ina kumbukumbu ya tukio linaloweza kutumiwa kuupima. Tukio hilo ni saka, hali ya kupagawa iliyowapata wanawake wa Kidawida na iliyochunguzwa na mwanaanthropolojia Grace Harris mwanzoni mwa miaka ya 1950. Hoja inayotetewa hapa ni kuwa tofauti ya msingi baina ya saka na matangazo mubashara haiko katika ajabu ya tendo, wala katika wingi wa tetesi. Imo katika wajibu wa hadhira. Katika saka, dhana kuhusu sababu ya tendo ilimdai mtu fulani atende jambo. Katika matangazo mubashara, dhana haimdai yeyote.

2.0 Tetesi kama utanzu

Mulokozi (1989), katika makala yake kuhusu tanzu za fasihi simulizi iliyochapishwa katika jarida la Mulika, aliigawa fasihi hiyo katika tanzu sita: mazungumzo, masimulizi, maigizo, ushairi, semi na ngomezi. Mchango mkubwa wa mtazamo wake ni kuiona fasihi simulizi kama tukio, yaani kitu kinachotendeka mahali fulani, wakati fulani, baina ya watu fulani. Kwa kutumia kipimo hicho, tetesi haina budi kuhesabiwa ndani ya fasihi, ingawa si rahisi kuiweka katika utanzu mmoja. Kwa umbo lake la nje tetesi ni mazungumzo. Kwa maudhui yake ni masimulizi. Na kwa ufupi wake mara nyingi hukaribia semi.

Sifa tatu za kifani zinaitambulisha. Kwanza, tetesi haina mwenyewe. Msimulizi wa ngano hukubali kuwa anasimulia, lakini msambazaji wa tetesi hujificha nyuma ya vitenzi visivyo na mtenda: inasemekana, yasemwa, imesikika. Pili, tetesi hukua kwa nyongeza. Kila anayeipokea huongeza kiungo chake kisha akaipitisha, na hakuna anayeona kazi yote ikiwa imekamilika. Tatu, tetesi huwa na sababu zilizokwisha kuandaliwa na jamii. Kama vile ngano zilivyo na zimwi na sungura wao, tetesi nazo zina uchawi, ulevi, ugonjwa, mapenzi na pesa. Anayekisia habuni sababu mpya. Huchagua moja katika ghala hilo na kumvika nayo mtu aliye mbele yake.

Umuhimu wa kuichunguza tetesi bila kuidharau umekwisha kuthibitishwa na mwanahistoria Luise White katika kitabu chake cha mwaka 2000 kuhusu habari za wanyonya damu katika Afrika ya kikoloni. Habari za wazimamoto na mumiani, zilizovuma Kenya, Uganda na kwingineko, zilidai kwamba watu walikamatwa na kutolewa damu. White hakujishughulisha sana na kuthibitisha kama damu hiyo ilitolewa kweli. Aliuliza habari hizo ziliwawezesha watu kusema nini kuhusu kazi, tiba na utawala wa kikoloni. Kwa njia hiyo tetesi ilipata hadhi ya ushahidi, si wa tukio linalosimuliwa, bali wa ulimwengu wa wasimulizi.

Kiswahili chenyewe kina mafunzo mawili yanayopingana juu ya jambo hili. Methali ya kwanza husema: lisemwalo lipo, na kama halipo laja. Ya pili husema: kitanda usichokilalia hujui kunguni wake. Methali ya kwanza huipa tetesi mamlaka, kwa kuwa sauti ya wengi haikosi chanzo. Ya pili huinyang'anya mamlaka hayo, kwa kuwa aijuaye taabu ni mwenye taabu. Hadhira ya matangazo mubashara huishi ndani ya methali ya kwanza. Suala linalofuata ni kama kuna hadhira iliyowahi kuziheshimu zote mbili.

3.0 Saka: mwili, hadhira na zawadi

Makala ya Harris kuhusu saka ilichapishwa mwaka 1957 katika jarida la American Anthropologist. Kwa mujibu wa makala hiyo, saka iliwapata hasa wanawake walioolewa. Mwanamke aliyepatwa alitetemeka sehemu ya juu ya mwili, mabega yakitikisika na kichwa kikienda upande huu na huu. Aliweza kufumba macho, uso ukawa hauna dalili ya hisia, na akarudia tendo au sauti moja pasipo kukoma. Wengine walitoa maneno yaliyodhaniwa kuwa ya lugha ya kigeni. Kilichoamsha hali hiyo kilikuwa mara nyingi kitu cha kuonekana, kusikika au kunusika: mlio wa gari au wa gari moshi, kiberiti kinachowashwa, sigara.

Vitu hivyo havikuwa vya bahati nasibu. Reli ya Mombasa ilifika Voi mwishoni mwa karne ya 19, na kupitia reli hiyo na kazi za mshahara, vitu vya dukani vilipanda milimani mikononi mwa wanaume. Ardhi na mifugo ilikuwa chini ya mamlaka ya wanaume, na fedha nazo zilipita kwao. Mwanamke alilima na kulisha nyumba, lakini kitu cha kununuliwa alikipata kwa kuombewa au kwa kupewa. Tendo la ajabu la mwili wake lilianzia pale hasa ambapo mkono wake haukuweza kufika.

Hadhira ya saka ilikisia kama hadhira yoyote. Yalikuwepo maelezo kuwa ni ugonjwa, kuwa ni pepo, na kuwa ni jambo la moyo, yaani la kutamani na kukosa. Maelezo haya hayakufukuzana. Yalikaa pamoja katika tukio moja. Hali hii haitamshangaza anayezijua ngoma za pepo za pwani ya Waswahili, ambako aliyepagawa huitwa kiti, na pepo aliyempanda hutaja anachokitaka: nguo, manukato, chakula cha namna fulani. Lugha ya kiti na pepo huruhusu dai litolewe bila mtoaji kuhukumiwa kuwa mroho, kwa sababu anayedai si yeye.

Jambo la kuzingatiwa kifasihi ni namna tukio lilivyoelekezwa kwenye mwisho wake. Mwanamke alipewa kitu alichokitamani, au alichezewa ngoma ya saka, ambamo alivaa na kushika vitu vya kiume na vya kigeni, kama vile kofia nyekundu na fimbo. Zawadi au ngoma ililikamilisha tendo. Aliyepaswa kutoa alijulikana. Alikuwa mume au jamaa, naye alikuwepo. Kwa hiyo kukisia hakukuwa mchezo wa pembeni. Aliyesema kuwa mwanamke huyu anataka kitu fulani alikuwa amekwisha kumtwika mtu wa jirani mzigo wa kukileta.

Lewis (1971) aliisoma saka kama sauti ya wanyonge katika mvutano wa wanawake na wanaume, na usomaji huo umerudiwa mara nyingi. Una nguvu, lakini una upungufu. Unamgeuza kila mwanamke aliyetetemeka kuwa mwanaharakati anayeficha dai lake, na hivyo unatatua fumbo ambalo Wadawida wenyewe waliliacha na majibu matatu. Mtaalamu naye ni hadhira, na nadharia yake ni dhana miongoni mwa dhana. Kinachomtofautisha na mwandikaji wa maoni mtandaoni ni kuwa ametia jina lake chini ya dhana hiyo na anaweza kupingwa.

4.0 Zawadi iliyogeuzwa

Mwezi wa Julai 2023 watu wengi duniani walitazama matangazo mubashara ya mwanamke wa Montreal, Kanada, Fedha Sinon, anayejulikana kwa jina la Pinkydoll. Mtindo wake ulihusishwa na wahusika wa michezo ya kompyuta wasioongozwa na mchezaji, ambao hurudia maneno na miondoko michache kila wanapoguswa. Mtazamaji alipotuma zawadi ya kidijitali iliyochorwa kama aisikrimu, Pinkydoll alitamka sentensi ileile ya kuisifu, kwa sauti ileile na kwa mwondoko uleule. Zawadi nyingine ilileta neno jingine. Wakati mwingine alipasua bisi, punje moja moja, kwa pasi ya kunyooshea nywele. Mwenyewe alieleza kuwa kazi hiyo ilimpatia maelfu ya dola.

Tetesi zilifuata mara moja, zikichotwa kwenye ghala lilelile: kwamba ana maradhi ya akili, kwamba ametumia dawa za kulevya, kwamba si binadamu bali ni mashine. Ajabu ni kwamba sababu ya tendo lake ilikuwa mbele ya macho ya wote. Alirudia maneno kwa sababu alilipwa kwa kila rudio. Hapakuwa na fumbo la kufumbua. Palikuwa na mkataba. Watazamaji waliukwepa mkataba huo kwa kukisia juu ya akili yake, kwa maana kuukubali kungewarudisha wao wenyewe ndani ya maelezo: anafanya hivi kwa sababu sisi tunatuma.

Ulinganisho na saka unaonyesha mgeuko kamili wa muundo. Vipengele ni vilevile: mwanamke, rudio la tendo na sauti, vitu vya soko, hadhira inayokisia, zawadi. Lakini nafasi ya zawadi imegeuzwa. Katika saka zawadi huja mwisho, nayo hulituliza tendo. Katika matangazo haya zawadi huja mwanzo, nayo hulianzisha tendo. Mume wa Kidawida alitoa ili mkewe apumzike. Mtazamaji hutoa ili mtangazaji asipumzike. Tukio la kwanza linaelekea kwenye kikomo. La pili halina sababu ya ndani ya kukoma, isipokuwa kuchoka kwa mwili au kuisha kwa pesa.

Haifai kutokana na hayo kumwona Pinkydoll kama mhanga asiyejua alitendalo. Yeye ni fanani kwa maana kamili ya neno: ana mtindo, ana udhibiti, na anaijua hadhira yake kuliko inavyomjua. Kosa la tetesi katika kisa hiki ni kumnyang'anya ufanani wake, na kuita ugonjwa kile kilichokuwa ustadi na riziki.

5.0 Mtu na mhusika

Liko kosa la pili, ambalo ni kinyume cha la kwanza na lenye madhara makubwa zaidi: kuita maigizo kile ambacho ni taabu ya kweli. Visa viwili vinatosha.

Tarehe 13 Februari 2011, mwandishi wa habari wa televisheni ya CBS mjini Los Angeles, Serene Branson, alikuwa akitangaza mubashara nje ya ukumbi wa tuzo za Grammy. Ghafla maneno yake yalivurugika yakawa sauti zisizo na maana. Kipande hicho kilisambaa kwa kasi. Wengine walidhani amepata kiharusi. Wengine walicheka na kusema amelewa. Baadaye madaktari walieleza kuwa alipatwa na kipandauso cha aina inayoathiri usemi. Kwa siku kadhaa, hata hivyo, uso wa mtu aliyekuwa akitishika na ulimi wake mwenyewe ulikuwa kichekesho.

Kisa cha pili ni cha Kenya na hakikuwa cha matangazo mubashara, ila kilienea kwa njia ileile ya simu. Mwezi wa Oktoba 2023 wanafunzi zaidi ya 90 wa shule ya upili ya wasichana ya St. Theresa's Eregi, katika kaunti ya Kakamega, walipelekwa hospitalini wakiwa hawawezi kutembea vizuri, miguu yao ikitetemeka. Video zao zilitazamwa kote nchini. Palitokea dhana za maradhi mapya na za mapepo, na wapo waliosema kuwa wasichana wanaigiza ili warudishwe nyumbani. Maelezo ya maafisa yalielekea kwenye mshtuko wa kihisia unaoambukizana katika kundi, jambo lenye historia ndefu Afrika Mashariki. Mwaka 1962 huko Kashasha, karibu na Bukoba, kicheko kisichozuilika kiliwapata wanafunzi 95 kati ya 159, na shule ikafungwa. Mshtuko wa namna hiyo si maigizo. Mwili unatetemeka kweli, na anayetetemeka hana uwezo wa kuuamuru utulie.

Visa hivi vinaigusa nadharia ya uhakiki mahali penye maumivu. Tangu Roland Barthes atangaze kifo cha mwandishi mwaka 1967, wahakiki wamezoea kusema kwamba maana ya matini haimo katika nia ya mtunzi, na kwamba msomaji ndiye mahali maana inapokutanika. Kwa kitabu, huo ni ukombozi. Riwaya haiumii ikisomwa vibaya. Lakini matini inapokuwa mwili wa mtu aliye hai, kifo cha mwandishi hukaribia kuacha kuwa sitiari. Msichana wa Eregi hakuwa matini iliyo wazi kwa kila usomaji. Usomaji mmoja ulimpeleka kwa daktari, na mwingine ungemwacha sakafuni akichekwa.

Hapa ndipo inapobidi dhana ya hadhira irekebishwe. Imekuwa desturi kuisifu hadhira ya fasihi simulizi kwa ushiriki wake, na kuihesabu kuwa mtunzi mwenza. Sifa hiyo ni ya haki, lakini haijakamilika. Mtunzi mwenza hana budi kuwa mwajibikaji mwenza. Hadhira inayotunga pamoja na fanani, kisha ikatoweka pindi matokeo yanapodaiwa, imechukua haki ya utunzi na kuukimbia mzigo wake.

6.0 Kutasa na mwisho wa hadithi

Katika kitabu chake cha mwaka 1978 kuhusu dini ya Wadawida, Harris anaeleza tendo la kutasa, ambalo ndilo kiini cha dini hiyo, Wutasi. Anayetasa hutia kinywani kinywaji, kama vile pombe, akakipuliza nje huku akitamka maneno ya kuiondoa hasira moyoni na kuomba heri. Msingi wake ni imani kwamba hasira iliyofichika moyoni huweza kuwadhuru wengine, hata pale ambapo mwenye hasira hakukusudia. Mtu alipopatwa na msiba au maradhi, wapigaji ramli waliulizwa hasira hiyo ni ya nani. Aliyetajwa alitakiwa atase.

Kwa jicho la mhakiki, ramli ni ukisiaji uliopewa umbo. Inaanza kama tetesi: jambo baya limetokea na sababu haijulikani. Lakini inaishia katika tendo la hadharani, ambamo mtu mwenye jina na uso husimama mbele ya mwenzake na kutamka kwamba hana tena kinyongo. Kinywa kilichoweza kubeba tetesi ndicho kinachotumiwa kuizima. Kimuundo, hadithi hupata mwisho. Kimaadili, swali la nani amesababisha hugeuzwa kuwa swali la nani atafanya nini sasa.

Haifai kuupamba mfumo huo kupita kiasi. Ramli iliweza kumtaja asiye na hatia. Saka, pamoja na huruma yake, haikubadili umiliki wa ardhi: mwanamke alipata kitambaa au sukari, na shamba likabaki kwa mume. Mwanamke aliyelazimika kutetemeka ndipo asikilizwe hakuwa huru. Aidha, imani hizo zilikutana mapema na Ukristo, ambao wamisionari wa Kianglikana waliufikisha Sagalla mwaka 1883 na baadaye katika vituo vingine vya milimani, Wusi kikiwemo. Hoja si kwamba watu wairudie saka au ramli. Hoja ni kuwa jamii hiyo ilitambua jambo ambalo ustadi wa kiteknolojia haujalitambua: kukisia kuhusu mtu ni kuingia katika uhusiano naye, na uhusiano huo una madeni.

Matangazo mubashara yanauvunja uhusiano huo kwa njia mbili. Kwanza, hadhira haina mahali. Mtazamaji wa Wusi hawezi kunyoosha mkono akamshika bega anayetetemeka Montreal, na hata akiingiwa na hofu ya kweli, hajui amwite jirani yupi. Pili, mtambo wenyewe hunufaika kwa fumbo kutotatuliwa. Kadiri watu wanavyozidi kubishana kama mtu ni mgonjwa au anaigiza, ndivyo wanavyozidi kutazama. Tetesi ya zamani ilienea kwa sababu watu walitaka kujua. Tetesi hii huenezwa pia na mashine isiyotaka mtu yeyote ajue.

7.0 Hitimisho

Makala hii imejaribu kuonyesha kwamba tetesi za watazamaji kuhusu tendo la ajabu la mtangazaji mubashara ni kazi ya kifasihi yenye kanuni zake, na kwamba saka ya Wadawida ni kipimo chenye faida cha kuzichunguza. Vipengele vya matukio haya mawili vinafanana kwa kiwango cha kushangaza. Kinachotofautiana ni nafasi ya zawadi na wajibu wa anayekisia.

Mambo matatu yanafuata kwa watafiti wa fasihi simulizi. La kwanza ni kuwa maoni ya watazamaji yanastahili kukusanywa na kuchambuliwa kama masimulizi, kwa kuangalia ghala la sababu linalotumika na namna nyongeza zinavyoungana, huku majina ya wahusika yakisitiriwa. La pili ni kuwa uchambuzi wa tukio lolote la aina hii uanze kwa kuitambua nafasi ya aliye mbele ya hadhira: je, ni fanani aliyekubali kutazamwa, au ni mtu aliyepatwa? Kosa katika hatua hii huharibu kila kinachofuata. La tatu ni kuwa mhakiki mwenyewe asijitoe katika hadhira. Anapoandika juu ya mwili wa mtu mwingine, naye anakisia, na hana budi kuandika kwa namna ambayo aliyeandikwa, lau angeisoma, angepata nafasi ya kujibu.